Meno Sita ya Chini

Mwanangu Lazarus alinipa mpaka mwisho wa mwezi wa saba. Ilikuwa wiki ya baada ya Pasaka. Alisimama mlangoni pa chumba changu hapa Kangemi, kofia yake ya uaskari mkononi, akielekea zamu kule Upper Hill anakolinda jengo la maofisi. Lazarus akikaa hawezi kukataa chai yangu, na akishakunywa chai hawezi kusema neno gumu. Siku hiyo alikataa hata kiti.

"Mama, umebaki mifupa. Uji asubuhi, uji mchana, uji jioni. Nani anaishi kwa uji?"

"Watoto wachanga."

"Mimi sichezi. Mwezi wa saba ukiisha na bado huli chakula cha watu, nakupeleka nyumbani Siaya."

"Nyumbani kuna nani?"

"Kuna shamba. Kuna hewa safi."

"Hewa ndiyo itanitafunia?"

Hakucheka. Alivaa kofia akaenda, nami nikajua ameshakata shauri. Simlaumu. Nina miaka sabini na tano, nguo zilikuwa zimenilegea mwilini, na mtoto akimwona mama yake anapungua namna ile huwaza mambo asiyoweza kuyasema mbele yake. Lakini tangu Omollo wangu afe, nyumba ya Siaya imefungwa kufuli. Ningekaa kule nikingoja mpita njia anisalimie. Hapa nina meza yangu ya omena, dagaa wa ziwani, sokoni, mwaka wa thelathini na moja sasa, na nina Kasiva kwenye meza ya pili, anayeuza mboga na kunitukana kutwa nzima kwa upendo. Sikutaka kwenda. Ilikuwa meno au Siaya.

Meno yangu hayakutoka kwa siku moja. Yalilegea polepole, moja leo, jingine mwakani, na la mwisho liliniacha nikila ndizi mbivu. Ndizi, si mfupa! Tangu hapo ni uji, na mkate uliolowekwa kwenye chai, na mchuzi wa omena bila omena zenyewe, mimi niliyekuwa nikiuza kikombe hiki na kutafuna kile.

Nilikuwa nimeshajaribu. Nilikwenda kliniki moja ya mjini, ghorofa ya tatu, wakanikalisha kwenye kiti kizuri cha ngozi. Msichana wa mapokezi aliandika bei kwenye karatasi akaigeuza taratibu nisome mwenyewe, bila kuitamka. Nikamshukuru nikashuka ngazi. Siku nyingine Wahindi wa hekalu moja walifungua matibabu ya bure, nikapanga foleni tangu alfajiri. Daktari akanimulika mdomoni na tochi, akaizima.

"Mama, sisi leo tunang'oa tu. Wewe huna cha kung'oa."

Akaniona nimekunja uso, akanihurumia, akanipa mswaki.

Kwa hiyo Lazarus alipoondoka, nilienda sokoni nikiwa nimenuna. Kasiva alikuwa anakata sukuma wiki. Akaniangalia mara moja tu, akajua.

"Kijana wako tena?"

Nikamweleza. Akaendelea kukata, kisha akasimamisha kisu.

"Unamjua Carolyne, mtoto wa dada yangu? Yule anafagia Hurlingham, kwa ile hospitali wanafundishia madaktari wa meno. Alisema wanafunzi wa mwaka wa mwisho wanahangaika. Wanatafuta mdomo mtupu."

"Mdomo mtupu ni nini?"

"Ni wako! Mdomo hauna jino hata moja. Hawawezi kumaliza masomo kama hawajatengenezea mtu meno yote, juu na chini. Wanatafuta watu kama wewe vile wanaume hutafuta bibi. Na hawakulipishi, wao ndio wana shida na wewe."

"Kwa hiyo watoto wa watu watajifunzia kwangu?"

"Wataharibu nini, Mama Laza? Kuna kitu huko cha kuharibu?"

Alhamisi iliyofuata nikaenda. Nilikuwa nimejipanga kungoja mpaka jioni, maana kungoja ni kazi ninayoijua, lakini kabla sijafika dirishani msichana mmoja wa Kihindi alikuja mbio, koti jeupe limemzidi mabega.

"Shosho, Carolyne ameniambia utakuja! Naitwa Anjali. Shosho, uko na jino lolote?"

"Hata moja."

"Aki asante, Mungu!" akasema, kisha akaziba mdomo kwa mikono yote miwili. "Pole, Shosho. Sikumaanisha hivyo."

Nikacheka mpaka nikashika ukuta. Hakuna mtu aliyewahi kufurahia mdomo wangu hivyo, hata Omollo.

"Shosho ni bibi kwa Kikuyu," nikamwambia. "Mimi Mjaluo. Sema Dani."

"Dani. Sawa, Dani."

Akanikalisha, akaanza kuuliza na kuandika. Sukari ninayo? Sina. Presha? Kidogo. Haya meno ya juu yalitoka lini? Nikamwambia.

"Na haya ya chini, ya mbele?"

"Hayo ni zamani sana. Yalitolewa."

"Yaliuma?"

"Sana."

Akaandika. Hakuuliza yalitolewa na nani, wala mimi sikuona haja ya kumweleza, maana watu wa rika langu tukiona mwanamke wa kwetu amecheka tunajua. Akaniomba nilete picha ya zamani inayoonyesha meno yangu, ili ayapange kama yalivyokuwa. Nikamletea ile ya arusi yetu. Mimi na Omollo tumesimama wima kama nguzo, midomo imefungwa. Siku zile hukucheka mbele ya kamera, ulisimama kama uko mbele ya hakimu. Anjali aliitazama sana, akashusha pumzi.

"Dani, hapa hakuna hata jino moja."

"Yapo. Yako ndani."

Ndivyo tulivyoanza. Nilikwenda Alhamisi sita, moja baada ya nyingine. Kwanza walinijaza mdomo udongo laini wa rangi ya waridi unaonukia peremende, nikawa kama mtu aliyemeza tonge bila kutafuna, na Anjali akinishika bega, "Pumua na pua, Dani, pumua na pua," huku yeye mwenyewe haonekani kupumua. Alhamisi nyingine aliniuma-umisha nta. Nyingine alinipima uso kwa rula kuanzia pua hadi kidevu kama fundi cherehani. Kila hatua ilibidi mwalimu wao aje aangalie, akubali, atie sahihi kwenye kitabu cha Anjali, na mwalimu alikuwa na wanafunzi wengi, kwa hiyo tulingoja. Wakati wa kungoja aliniambia habari za kwao Parklands, na mimi nikamfundisha kupika omena isiwe chungu. Alikuwa hali samaki, lakini aliandika.

Katika chumba cha nyuma alikuwako fundi wa meno, mtu mzima lakini mdogo kwangu, aproni imejaa vumbi jeupe kama msaga unga. Jina lake Musili. Yeye ndiye aliyeyageuza yale ya Anjali ya nta kuwa meno kamili. Alitoka mara moja kunitazama rangi ya ngozi, akasema, "Huyu tusimwekee meupe sana, watu watasema ameiba," akarudi ndani.

Alhamisi ya tano nilivalishwa meno yakiwa bado kwenye nta, ili nijione kabla hayajafanywa magumu. Anjali alinipa kioo.

"Cheka, Dani."

Nikacheka. Mwanamke aliyekuwa kwenye kioo sikumjua.

Ya juu yalikuwa sawa. Shida ni ya chini. Pale mbele, palipokuwa wazi tangu nikiwa msichana, palikuwa na meno sita yamepangwa kama watu wa kwaya.

Nieleze hapa kitu ambacho sikumweleza Anjali. Zamani kwetu mtoto akikaribia kuwa mkubwa aling'olewa meno sita ya mbele ya chini. Ndivyo ulivyojulikana kuwa mtu wa kwetu, na walisema pia ukiugua ugonjwa wa kufunga taya utaweza kumiminiwa uji penye ule mwanya. Nilipokuwa darasa la tatu mambo hayo yalishaanza kuachwa, wenzangu wengi hawakung'olewa, lakini bibi yangu alikuwa bibi yangu. Alinichukua wakati wa likizo. Shule ilipofunguliwa mwalimu alinichapa kwa sababu nimeng'olewa, na kama nisingeng'olewa angenichapa bibi. Sikulia kwa yeyote. Basi miaka sitini na zaidi ulimi wangu umekuwa ukikaa pale mwanyani. Nasema kwa pale, nanyonya mfupa kwa pale, nacheka kwa pale. Omollo alikuwa na wake vilevile.

Nilitaka kusema. Nilifungua mdomo niseme. Wakati huohuo mwalimu wao akafika, miwani puani, kalamu imeshatolewa.

"Mama, umeyapenda?"

Nyuma yake Anjali alikuwa amefumbata mikono kifuani kama anayesali. Wiki tano. Wiki tano amekuwa akiinama mdomoni mwangu. Na nilivyolelewa, mtu akikupa kitu kwa mikono miwili hukigeuzi mbele yake kutafuta kasoro, tena kitu usichokilipia.

"Ni mazuri sana, daktari," nikasema.

Akatia sahihi.

Alhamisi ya sita nikapewa meno yenyewe, na kikopo cha kuyalaza majini. Anjali akaniambia nianze na vyakula laini, nikate vipande vidogo, nitafune pande zote mbili kwa pamoja. Akaniambia nirudi baada ya wiki moja yakaguliwe, kila mtu hurudi. Nikamwambia nitarudi. Nikamwambia Mungu ambariki. Yote mawili nilisema huku ulimi wangu ukigonga ukuta.

Sikuweza kula. Kila nikimeza, ulimi unatoka mbele kama ulivyozoea, unasukuma yale meno sita, na seti yote ya chini inanyanyuka. Uji ulikuwa unapita chini yake. Nikisema "omena" sokoni inatoka kitu kingine, wateja wanauliza, "Nini, Mama?" Siku ya nne niliuma ulimi nikaona damu kwenye kikombe. Nikaitoa ya chini nikaitia kwenye kikopo, nikasukuma kikopo nyuma ya debe la unga. Ya juu nikabaki nayo. Nilionekana nina meno. Lakini ya juu peke yake itatafuna na nani?

Wiki moja ikapita, sikurudi Hurlingham. Ya pili, sikurudi, mpaka mwezi wa saba ukaingia na kwenda. Ningemwambia nini yule mtoto? Jioni moja Lazarus alipiga simu kuniambia amenunua tikiti ya basi, Jumapili ya mwisho wa mwezi, saa mbili usiku, na ameomba ruhusa kazini anisindikize. Nikamwambia nina meno mapya.

"Unakula?"

Nikalitazama debe la unga.

"Basi panga nguo, Mama."

Siku hiyo nilikuwa nimekunywa uji nusu kikombe tangu asubuhi. Kesho yake sikufungua meza. Kasiva akaja chumbani kwangu mchana kuniangalia, akajipikia chai bila kuuliza kama kawaida yake, na alipokuwa anatafuta sukari akakishika kile kikopo. Akakitikisa. Akakifungua.

"Uwi! Mama Laza! Hii ni nini unaficha kama pombe?"

Nikamweleza yote. Mwanya, bibi, kioo, sahihi. Alinisikiliza akiwa ameshika kifuniko mkononi.

"Kwa hiyo ulimwambia ni mazuri."

"Yalikuwa mazuri. Si yangu tu."

"Na wewe unaona umemsaidia huyo msichana."

"Alipata sahihi yake."

"Alipata sahihi ya uongo! Ataenda huko nje apewe ofisi, aje Mjaluo mwingine, amwekee sita, naye amwambie ni mazuri sana daktari. Utakuwa umewanyima uji wazee wote wa Siaya. Na wewe unaenda kufa njaa kwa sababu ya adabu. Adabu! Mimi nikikupimia mboga vibaya si huwa unanitangaza soko lote?"

"Wewe ni wewe."

"Amka. Leo ni Alhamisi. Na lete hicho kikopo."

Alinifungia yeye mwenyewe kitambaa kichwani. Mboga zake akamwachia jirani, jambo ambalo sijaona akilifanya hata siku ya mazishi ya mumewe wa pili.

Anjali aliponiona alinishika mikono. "Dani! Nimekupigia simu mara ngapi, haiingii. Nilidhani umekuwa mgonjwa."

Sikumwambia kwamba nilikuwa naizima. Nilikaa kwenye kiti, nikaweka kikopo mapajani, nikawa nazungusha kifuniko tu. Kasiva akanikanyaga mguu.

"Anjali," nikasema, "hayo sita ya mbele ukubwani sikuwahi kuwa nayo. Nilipokuwa mtoto nilikuwa nayo, halafu bibi yangu akanipeleka yakang'olewa. Si ya kuoza. Ni mila ya kwetu. Nilikudanganya niliposema ni mazuri."

Alinitazama. Uso ulimbadilika rangi.

"Tangu ukiwa mtoto? Tangu utoto hakujakuwa na kitu hapo?"

"Ndiyo."

"Aki, Dani, kwa nini hukusema?"

"Ulikuwa umefumbata mikono."

Nilidhani atakasirika. Alikaa kwenye kile kistuli chake cha magurudumu akaanza kucheka, kisha macho yakamjaa maji, akaendelea kucheka vivyo hivyo. "Mimi ndio sikuuliza. Niliandika tu 'yalitolewa.' Nikageuza ukurasa."

Akaenda kumwita mwalimu mwenyewe. Hilo nililiona, na nikalipenda, maana angeweza kulimaliza kimyakimya na kitabu chake kingebaki safi. Mwalimu alikuja, akaniambia nivae seti ya chini, nimeze mate, niseme majina ya wajukuu wangu. Akatazama namna inavyonyanyuka. Akaondoa miwani.

"Ulimi una miaka sitini mahali pale," akamwambia Anjali. "Wewe umeujengea ukuta. Nami nikatia sahihi kwenye ukuta. Ita Musili."

Musili akatoka na aproni yake ya vumbi. Akasikiliza, akaichukua seti ile, akaipindua kwenye mwanga, akanigeukia.

"Wajaluo! Bibi yangu mzaa baba alichongwa ya juu yakawa na ncha kama msumari. Sisi tulichonga, nyinyi mkang'oa. Sasa mimi nitengenezee nani meno katika nchi hii?"

"Kwetu tuling'oa kimya," nikamwambia. "Nyinyi mlikuwa mnalia mkichongwa."

"Nani amekuambia?" Kasiva akaruka, maana na yeye ni Mkamba kama Musili. Wakaanza kuulizana vijiji, wakapatana ukoo kwa njia ya shangazi fulani wa Machakos, na mimi nikangoja hapo mdomo wazi mpaka Anjali akawakumbusha.

Kazi yenyewe haikuchukua saa nzima. Niliisikia mashine ikilia chumba cha nyuma, kisha ikanyamaza, kisha ikalia tena kidogo, sauti laini. Musili alirudi na seti ya chini. Magego yalikuwepo kushoto na kulia. Pale mbele palikuwa pamebaki utepe mwembamba tu wa rangi ya ufizi, umelala chini, laini kama mgongo wa kijiko.

Anjali akaniwekea mdomoni. Nikafunga mdomo. Nikameza.

Haikunyanyuka.

Nikameza tena. Ulimi ukaenda mbele, ukapita, ukalala pale unapolala siku zote. Nilikuwa naogopa kusema, isije ikawa nimekosea.

"Dani?"

"Omena," nikasema. "Omena. Omena wa leo, mkavu, hana mchanga!" Sauti ilikuwa yangu. Watu wa kwenye foleni waligeuka. Kasiva akatoa chapati kwenye mkoba wake, iliyofungwa kwa karatasi, akaikata kipande akanipa, na nikaitafuna kushoto na kulia pale kwenye kiti cha hospitali, mbele ya mwalimu, na hakuna aliyenikataza.

Mwalimu alichukua kitabu cha Anjali. Akakata sahihi yake ya zamani, akaandika maneno pembeni, akatia nyingine. Anjali aliyasoma, akanionyesha. Mimi nasoma polepole, na yalikuwa ya Kizungu, kwa hiyo akanitafsiria: amerekebisha baada ya kumsikiliza mgonjwa. Akasema hiyo ndiyo anayotaka kumwonyesha mama yake.

Jumapili Lazarus alifika saa nane mchana na begi tupu la kunipakilia. Nilikuwa nimechemsha nyoyo tangu asubuhi, mahindi na maharagwe, mpaka yakapasuka, nikakaanga na kitunguu. Nilimwonyesha kiti. Akakaa, labda kwa sababu ya harufu. Nikajipakulia sahani nikaanza kula.

Hakula. Alinitazama tu, begi kwenye magoti, kama mtu anayetazama mpira wa penalti. Nilitafuna polepole, pande zote mbili, kama nilivyofundishwa. Nilimaliza sahani. Nikaongeza.

"Mama," akasema, sauti imeshuka. "Hayo ni mahindi."

"Na maharagwe."

"Cheka nione."

Nikacheka. Akainama mbele, akauona mwanya, na kwa muda akanitazama vile alivyokuwa akinitazama akiwa na miaka mitano.

"Wamekuachia."

"Walipaziba, tukapafungua."

Alisugua uso kwa kiganja, juu hadi chini. Halafu akatoa simu akampigia mkewe. Nilimsikia akisema mama haendi. Mkewe aliuliza kitu. "Hapana, hajakataa," Lazarus akasema. "Amekula. Sahani mbili, nimeona na macho yangu." Akasikiliza tena. "Tikiti atachukua ndugu yako Fidel, si alikuwa anataka kwenda kuangalia ng'ombe?"

Alipokata simu, aliweka begi chini ya meza, akavuta sufuria upande wake akaichungulia.

"Umeniachia kidogo hivi?"

"Nilidhani umekuja kunihamisha, si kula," nikamwambia, nikampa kijiko.